Naomba ushauri: mchoraji wangu hataki uso wake urekodiwe

Habari zenu ndugu. Narekodi filamu ya maisha ya mzee mmoja wa Kariobangi, hapa Nairobi. Huchora kwa masizi na kahawa juu ya magunia, na nyuma ya kila picha huandika shairi la tarbia, mizani 16 kila mshororo, vina vimetimia. Sijaona mtu kama yeye! Ila hataki uso wake uonekane. Nimejaribu mikono na sauti tu, lakini baada ya dakika 10 inachosha. Nimwonyesheje bila kumvunjia heshima?

Pia, picha nyingi aliziuza bila kuandikiana. Sheria yetu ya hakimiliki ya 2001 inataka haki zihamishwe kwa maandishi. Je, idhini yake inatosha, au niwaombe wanunuzi pia?