Mrejesho: programu iliyodai faili la VCRUNTIME140.dll sasa inafunguka

Ndugu zangu, niliuliza kwa nini programu ya hesabu ya ushirika wetu wa wakulima wa zabibu hapa Dodoma ilikataa kufunguka, ikidai kwamba faili la VCRUNTIME140.dll halipo, na kama ningeweza kulinakili kutoka kompyuta nyingine. Nawashukuru sana mlionizuia. Faili hilo ni maktaba ya pamoja, yaani mkusanyiko wa maelekezo ambayo programu nyingi huyatumia bila kila moja kubeba nakala yake, na huletwa na kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft.

Nilikipakua kutoka tovuti ya Microsoft yenyewe, nikasakinisha toleo la x64 kwa kuwa Windows yetu ni ya biti 64, lakini tatizo likabaki palepale. Hapo ndipo nilipoelewa jambo lililonitatiza zaidi: kinachoamua ni biti za programu, wala si za Windows, na programu yetu ni ya biti 32. Tena majina ya folda za Windows zinazohifadhi maktaba hizi yanapotosha mno, kwani System32 huhifadhi maktaba za biti 64, ilhali za biti 32 hukaa SysWOW64. Niliposakinisha toleo la x86, yaani la biti 32, programu ilifunguka mara moja, na kumbukumbu za malipo ya wakulima zimo zote.