Akaunti yako ishawahi kufungwa sababu ya uchunguzi? Tupeane uzoefu

Kijana wa Umoja: Leo nimepanga foleni benki nyuma ya mzee mmoja, akaambiwa akaunti yake iko na amri ya korti. Alishika kaunta kwanza ndiyo asianguke. Nikakumbuka yangu ya 2019. Waliopitia haya mlitokaje?

Spea Kirinyaga Road: Umenitonesha kidonda. Mteja alinunua injini na giaboksi, 380,000, akatuma pesa moja kwa moja benki, nikampa mzigo na risiti. Wiki mbili baadaye niko supamaketi, unga na mafuta, kadi inakataa, watu nyuma wananitazama. Kumbe hizo pesa ziliibwa kwa mtu, na kwangu zilikuwa zinapita tu. Wakafunga zote, pamoja na milioni moja na kitu yangu mwenyewe! Benki wanasema "ni korti", nikiomba nakala ya amri wananituma kwa mpelelezi. Mpelelezi ananiambia nirudi Jumatatu. Jumatatu ngapi? Hundi ya kodi ikarudi, kifungua mimba akatumwa nyumbani karo, vijana wa duka wakaondoka mmoja mmoja.

Miezi mitatu ikaisha kabla wakili aione faili pale mahakama ya Milimani. Amri ya hakimu ilikuwa ya kukagua rekodi za benki tu, kifungu cha 180 cha Sheria ya Ushahidi. Kukagua, si kufunga! Tukapanda Mahakama Kuu na Kifungu cha 40 cha Katiba, kile cha haki ya kumiliki mali, risiti, daftari la stoo, hadi picha ya injini. Jaji akawauliza: mmemshtaki? La. Mna amri ya kuhifadhi mali, yaani ya kuzuia pesa zisiguswe? La. Zangu zikafunguliwa, zile 380,000 zikabaki. Sikugomba.

Kipusa Donholm: Hiyo ya supamaketi wacha tu. Mimi niliacha hadi maziwa.

Mkweli Daima: Mnisamehe, lakini akaunti safi haifungwi.

Spea Kirinyaga Road: Wewe mteja akikulipa humuuliza pesa katoa wapi?

Mkweli Daima: Kwa laki tatu na themanini? Namuuliza.

Spea Kirinyaga Road: Basi huna duka.

Karani Mstaafu: Msichanganye mambo. ARA, ile mamlaka ya serikali ya kurejesha mali, wakitumia ile sheria ya mapato ya uhalifu ya 2009, wanaingia Mahakama Kuu peke yao, wewe huna habari, wanatoka na amri ya kuhifadhi. Inakufa siku 90 baada ya kutangazwa kwenye Gazeti Rasmi, isipokuwa wawe wamewasilisha kesi ya kutwaa mali yenyewe. Na hiyo ni kesi ya madai: hata usiposhtakiwa kwa jinai, pesa zaweza kwenda.

Wa Kayole: Siku 90 wapi? Yangu iliandikwa miezi sita.

Karani Mstaafu: Hiyo ni sheria ya ufisadi ya 2003. Miezi sita, na korti yaweza kuongeza. Ukipewa amri una siku 15 za kuipinga. Ulifanya nini nazo?

Wa Kayole: Nilienda kuombewa.

Mama Watatu: Wacha niwaambie yangu. Aliyefungiwa ni mzee wa nyumba. Mimi ndiye nilikimbia: nikauza kochi, nikakopa chamani, wakili akalipwa. Sasa ili akaunti ifunguliwe, aape kila shilingi imetoka wapi na imeenda wapi, na aambatishe taarifa ya benki ya miaka miwili. Karatasi nilizitoa nakala mimi, pesa yangu, kwa hivyo usiku nikaketi nikazisoma. Kila tarehe tano, 25,000, jina la mwanamke, Ruiru. Maelezo: "kodi ya nyumba". Sisi tunakaa Buruburu, nyumba yetu wenyewe.

Kipusa Donholm: Woiyee!!

Wa Kayole: Kesi iliishaje?

Mama Watatu: Ipi? Ya benki tulishinda.

Mkweli Daima: Si nilisema akaunti safi haifungwi.

Boda Pipeline: Dawa ni akaunti ya pili, jina la mama yako.

Karani Mstaafu: Wamfungie na mama pia? Weka risiti, mwanangu.

Kijana wa Umoja: Jamani, nilikuwa nimeuliza mlitokaje.

Kipusa Donholm: Mama Watatu, Ruiru upande gani? Nauliza tu.