Darasa la klachi (B2) ama la otomatiki (B1) kama gari nitakalonunua ni la stima?

Mwana_Ruaka
Habari za jioni wadau. PDL yangu (leseni ya muda ya kujifunzia) imetoka wiki hii na nataka kuanza darasa Jumatatu. Gari ninalolenga ni Nissan Leaf ya kutoka Japani, ile yenye betri ya 40 kWh. Shule iliyo karibu ina madarasa mawili: klachi kwa Probox, otomatiki kwa Vitz. La klachi ni refu na bei iko juu. Sasa kama gari lenyewe halina klachi wala gia, kuna haja gani ya kujisumbua? Ama nisome otomatiki niokoe pesa?

Mwalimu_wa_Probox
Umeficha nusu ya habari. Unaishi ghorofani ama una geti lako? Utaliendesha peke yako? Kuna pikapu ya nyumbani ama ya kazi utakayoombwa kushika siku moja? Safari zako zinaishia Nairobi ama zinashuka Mai Mahiu? Bila hayo tutakupigia ramli tu.

Jambo moja halingoji majibu yako: leseni. B1 ni gari dogo la otomatiki peke yake. B2 inakuruhusu klachi na otomatiki. Ukifanya mtihani wa NTSA (mamlaka ya usalama barabarani) kwa Vitz, siku ukipewa Probox ya klachi huna ruhusa, hata kama mikono yako inaiweza. Leaf unaendesha kwa yoyote kati ya hizo mbili. Mimi nasema B2 na sibadiliki.

Pole_Pole
Tulijua utasema hivyo mwalimu. B1 inamtosha. Mwanafunzi wa klachi humaliza masomo ya kwanza manne akipigana na mguu wa kushoto, na macho yake yako chini kwenye kirungu cha gia. Muda huo mwenzake wa otomatiki anajifunza vioo, raundabauti, na kuangalia pikipiki zinazopita kushoto kwenye jamu. Barabara hii yetu, macho ndiyo yanayookoa watu.

Fundi_Volti
Kwanza tuondoe hilo la "halina gia". Leaf ina gia moja, seti ya meno ya kupunguza mzunguko kati ya mota na magurudumu. Haibadilishwi. Rivasi ni mota ile ile inazungushwa upande wa pili. Kwa hivyo kile kirungu si kirungu cha gia kama cha Probox. Ni swichi, na hapo ndipo watu wanaumia.

Pili, nguvu. Mota ya 40 kWh inatoa Nm 320 (nguvu ya kuzungusha) tangu gurudumu likiwa limesimama. Hiyo ni zaidi ya mara mbili ya Probox ya 1500cc, na Probox huifikia nguvu yake ikiwa imeshapanda mizunguko. Mwanafunzi wa klachi akikosea, gari linatetemeka na kuzima. Kuzima ni aibu, lakini pia ni breki ya bure. La stima halizimi. Ukikosea mguu linaenda, na linaenda kimya.

Mwalimu_wa_Probox
Asante fundi, umenisaidia bila kutaka. Klachi inafundisha mguu uzito. Kuondoka mlimani: breki ya mkono juu, gia ya kwanza, mafuta kidogo mpaka sindano ifike kati ya 1500 na 2000, inua klachi taratibu hadi boneti iinuke kidogo na sauti ya injini ishuke, shikilia hapo, ndipo uteremshe breki ya mkono. Aliyeweza hivyo kwenye mpando wenye matatu nyuma yake hatakanyaga mafuta ya Leaf kama anaua nyoka.

Fundi_Volti
Nusu nakubali. Nusu nyingine: klachi inaacha tabia mbaya. Mguu wa kushoto umezoea kukanyaga hadi chini gari likikaribia kusimama. Kwenye Leaf hakuna klachi hapo, kuna pedali pana ya breki. Mtu aliyetoka Probox juzi anafika kwenye bampu, mguu wa kushoto unaruka wenyewe, gari linasimama ghafla na bodaboda iko nyuma. Dawa yake: mguu wa kushoto uegemee pale pembeni kwenye pumziko la mguu, na usitoke hapo mpaka ushuke. Wa kulia ufanye kazi zote, kisigino kikiwa sakafuni mbele ya breki, na vidole vikigeukia mafuta.

(Ndiyo, bado tunasema "mafuta" kwenye gari lisilo na tone la petroli. Nani ana neno bora alete.)

Pole_Pole
"Mwendo." Kanyaga mwendo.

Tairi_Nne
Tuseme "stima". Kanyaga stima, uone mama mboga anakimbia.

Mwana_Ruaka
Samahani wadau, maelezo ndiyo haya. Naishi ghorofa ya nne Ruaka, maegesho yako chini ya jengo na njia ya kupanda kutoka huko ni kali. Kazi ni Upper Hill. Mara moja kwa mwezi naenda Nakuru kwa mama.

Shangazi_Kirungu
Kama ni maegesho ya chini ya jengo, sahau B1 na B2 kwa dakika moja, nikueleze kisa cha kirungu cha Leaf. Jengo moja Kileleshwa, dada alikuwa na wiki mbili na gari. Ameingia kwenye nafasi yake vibaya, pua iko karibu na nguzo, anataka kurudi nyuma ajipange upya. Kile kirungu cha mviringo hurudi katikati kila ukikiachilia, hakibaki kwenye R wala D. Rivasi ni kushoto KISHA mbele. D ni kushoto KISHA nyuma. Yeye alisukuma mbele tu, bila kushoto. Gari halikubadilisha kitu, likabaki D. Mkono ulihisi umemaliza kazi kwa sababu kirungu kiko pale pale kinapokaa siku zote. Akageuza shingo kuangalia nyuma, akaachilia breki, gari likasogea mbele polepole. Akashtuka. Mtu aliyeshtuka hukanyaga, naye alikanyaga pedali ambayo mguu ulikuwa umeshaanza kuielekea. Bampa, taa moja na radieta, maana Leaf nayo ina maji ya kupoza mota na kifaa kinachoilisha stima. Nguzo haikupata kitu.

Dalili mbili zilikuwepo. Herufi kwenye dashi ilikuwa D, na kamera ya nyuma haikuwaka. Ukiweka rivasi na skrini haionyeshi nyuma, hauko rivasi. Hiyo izoee kama kufunga mkanda.

Utaratibu wa kuondoka, kila mara, hata kama ni kusogeza gari mita mbili:
Breki chini, bonyeza kitufe cha kuwasha, ngoja kigari cha kijani chenye mishale. Bila hicho kigari gari halijawa tayari, hata redio ikiimba. Kirungu kwa herufi unayotaka, SOMA herufi kwenye dashi, toa breki ya maegesho, vioo, ndipo inua mguu. Kwenye kusimama ni kinyume: gari limetulia kabisa, breki ya maegesho kwanza, halafu kitufe cha P kilicho juu ya kirungu, halafu zima. Ukitanguliza P mteremkoni, uzito wote wa gari unalala kwenye jino dogo la kufuli ndani ya gia.

Pole_Pole
Hapo kwa nguzo klachi ingemsaidia nini? Hakuna. Ndiyo nasema B1.

Mwalimu_wa_Probox
Rivasi ya Probox unaihisi mkononi. Angejua.

Shangazi_Kirungu
Mwalimu, angejua kwenye Probox. Kwenye Leaf huo mkono uliozoea kuhisi ndio uliomdanganya.

Njia_ya_Mai_Mahiu
Nakuru kila mwezi, kwa hivyo tuongee miteremko. Klachi: unashuka ukuta wa Bonde la Ufa kwa gia ya pili ama ya tatu, injini inashikilia gari, breki zinabaki baridi. Leaf: unaweka B (kirungu kushoto na nyuma tena ukiwa D), mota inageuka jenereta, inarudisha stima kwenye betri na kupunguza mwendo. Uzuri mtupu, isipokuwa kitu kimoja ambacho wauzaji hawasemi. Betri ikiwa imejaa asilimia 100, hakuna pa kuweka stima hiyo. B inalegea. Mtu anayelala Limuru akichaji mpaka mwisho, asubuhi akaanza kushuka, atakuta gari halishikwi kama jana na atadhani breki zimeharibika. Ukijua utashuka, acha kuchaji kwenye asilimia 80 hivi.

Fundi_Volti
Rekebisho. Hiyo ya 40 kWh ina e-Pedal, yaani ukiinua mguu gari linajipunguza hadi kusimama. Ukiwasha e-Pedal na betri imejaa, gari linaongezea breki za kawaida lenyewe, kwa hivyo mguu hautaona tofauti kubwa. Kulegea kunaonekana zaidi kwenye B, na kwenye zile za zamani za 24 na 30 kWh.

Njia_ya_Mai_Mahiu
Sawa, lakini breki hizo za kawaida ni padi na diski zile zile. Kwa mteremko mrefu zinapata moto bila wewe kujua kwa sababu mguu wako uko juu. Bado nasema asilimia 80.

Fundi_Volti
Kwa asilimia 80 hatugombani. Kwa mwanafunzi naongeza: e-Pedal izimwe mwezi wa kwanza. Ukizoea gari kusimama lenyewe ukiinua mguu, siku ukishika Vitz ya ndugu yako utaingia kwenye lori la mbele ukingoja lisimame.

Pole_Pole
Hapana fundi. Yeye ananunua Leaf, aizoee Leaf. Na ile njia kali ya Ruaka, e-Pedal inashikilia gari mlimani bila kurudi nyuma. Kwa mgeni hiyo ni dhahabu.

Tairi_Nne
Swali langu ni lingine. Ghorofa ya nne, gari liko chini ya jengo. Atachaji wapi? Ameongea na keretaka ama anapanga kushusha ekstensheni dirishani?

Mwana_Ruaka
😅 Nilikuwa nafikiria ekstensheni kweli.

Fundi_Volti
Usithubutu. Kuchaji si kupiga pasi dakika kumi. Ni ampea 10 mfululizo usiku kucha. Waya mwembamba uliozungushwa kwenye roli unajipika wenyewe, na soketi iliyolegea inayeyuka kuanzia ndani. Unataka waya wa milimita za mraba 2.5 kutoka bodi ya stima moja kwa moja hadi soketi ya gari, bila kugawana na kitu kingine, na brekeri yake, na kinga ya stima inayovuja, na athi (waya wa ardhini) iliyopimwa, si ya kubahatisha. Kwa ampea 10 unapata kama kilowati 2.4, kwa hivyo kutoka asilimia 20 hadi kujaa hesabu saa 14 ama zaidi. Na kabla hujaambiwa ununue chaja ya ukutani ya kilowati 7: Leaf nyingi za Japani zina chaja ya ndani ya kilowati 3, chache zina ya 6. Ukuta hauwezi kulisha gari kuliko mdomo wake.

Njia_ya_Mai_Mahiu
Na tundu la kuchaji haraka ni CHAdeMO. Uliza kituo unachokitegemea njiani kama kina hiyo plagi, maana magari mapya yanakuja na CCS2. Nakuru ni kama kilomita 150 kutoka kwako. Betri yenye afya itakufikisha, lakini usiku huo kwa mama lazima kuwe na soketi ya kuaminika, na kurudi ni kupanda. Kabla ya kulipa, omba fundi aunganishe LeafSpy (programu ya simu ya kupima Leaf) akuonyeshe SOH, yaani afya ya betri, na tofauti ya volti kati ya seli. Vijiti 12 vya betri kwenye dashi havitoshi, cha kwanza hupotea betri ikiwa imeshapoteza kama asilimia 15.

Mwalimu_wa_Probox
Kijana aliuliza habari ya darasa, mmemfikisha kwenye seli. Jumatatu ni kesho kutwa.

Mwana_Ruaka
Nimewasikia wote. Nimempigia keretaka, anasema mita ya maegesho ni ya landilodi na tokeni analipa yeye, kwa hivyo tuongee na landilodi kwanza. Kuna mtu hapa ambaye jengo lake liliweka mita ndogo ya pembeni kwa magari? Iliwekwa na nani, na mnalipana vipi?

Tairi_Nne
Nami nangoja jibu hilo. Na darasa je, umechagua gani?

Mwana_Ruaka
Bado.