Re: SET(M) imerudi na maswali, timu nyingi anwani nyingi, NAOMBENI MSAADA

Kutoka: Winga wa Reading

Wadau salaam, shikamooni wakubwa. Naombeni msaada wa haraka maana kichwa kinaniuma. Niko hapa Uingereza kwa viza ya spouse (mwenza), miaka mitano imetimia, tumetuma SET(M), ile fomu ya kuomba ukaazi wa kudumu, ada tumelipa ile karibu paundi elfu tatu, mtihani wa Life in the UK nimepasi, cheti cha Kiingereza cha B1 ninacho, tukajua tumemaliza. Juzi imeingia imeili wanataka ushahidi zaidi kwamba naishi na mke wangu. Zile barua sita za miaka miwili za kuonyesha tunaishi anwani moja tulipeleka zote, lakini wamekuta slipu zangu za mshahara na stetimenti za benki zina anwani za Lincolnshire, mara Cumbria, mara Kent, na mke muda wote yuko Reading na mtoto.

Sasa wanaoijua kazi yangu wanajua. Mie winga wa ligi za chini, napewa mkataba wa msimu nikibahatika, Januari natolewa kwa mkopo, Mei inatoka orodha ya wanaobaki na jina langu halimo, tarehe 30 Juni mkataba umekwisha naanza kupiga simu. Klabu inakutafutia chumba kwa mama mmoja mtu mzima ana paka, unalala pale Jumatatu mpaka Ijumaa, Jumamosi mechi, ukishaoga unaendesha usiku kurudi kwako, Jumapili unacheza na mtoto, Jumatatu alfajiri uko barabarani tena. Ndo ndoa yetu hiyo na haijawahi kuyumba.

Swali langu ni moja tu: barua ya yule mama mwenye chumba, aseme nilikuwa mpangaji wa siku za kazi tu, inakubalika au ndo najichoma zaidi? Muda walionipa mfupi.

Kutoka: Mama Nassor, Leicester

Marahaba mwanangu, pole sana, Mungu yupo. Mie walinifanyia hayo hayo enzi zile nafanya kea, kazi ya kutunza wazee, kwa ajensi, wiki hii Derby wiki ijayo Loughborough, nalala kwenye nyumba za wazee wa watu, wakaniuliza wewe mumeo unamuona saa ngapi? Niliwapelekea bili ya kaunsili, ya maji, barua za GP (daktari wa mtaa), barua ya shule, mpaka kadi ya kliniki ya Nassor. Wakanyamaza wakanipa. Ila zamani ilikuwa karatasi na posta, siku hizi mnapandisha kwenye mtandao, huko sijui. Mkeo bado ananyonyesha? Mwambie ale, asikae na mawazo.

Kutoka: Kipa Mstaafu, Coventry

Bro samahani ila naona tatizo lako ni kubwa kuliko anwani. Viza ya spouse hairuhusu mpira wa kulipwa. Professional sportsperson imekatazwa, iko kwenye masharti, kasome. Jamaa yangu alitaka kusaini timu ya Step 4, ligi za chini sana, huku Midlands, hamsini kwa mechi na hela ya mafuta, klabu wakaangalia viza yake wakamrudisha. Tafuta loya leo leo kabla hujatuma chochote.

Kutoka: Fundi wa Fomu, Northampton

Kipa acha kutisha watu. Katazo hilo ni la viza za Student (mwanafunzi) na Graduate (aliyehitimu), na hapo hata ukocha wa kulipwa huruhusiwi. Spouse anafanya kazi yoyote, apige mpira, apige rangi, auze samaki. Huyo jamaa yako alikuwa kwenye Student, nakumbuka kwa sababu hii stori umeshaileta humu kabla. Na asije mtu kuleta habari ya GBE, kile kibali cha chama cha mpira, hiyo ni pale klabu inapotaka kumdhamini mchezaji wa nje, huyu hakuletwa na klabu, kaletwa na mapenzi. Tusome kabla ya kuandika.

Kutoka: Kipa Mstaafu, Coventry

Sawa profesa. Nilikuwa nasaidia.

Kutoka: Mzee wa Luton

Vijana, mbona hakuna anayegusia hela? Kipato cha mwaka wanachotaka siku hizi ni paundi 29,000. Mchezaji wa laki si pesa, leo analipwa kesho hakuna, anaifikishaje? Mimi ningekuwa yeye ningeanzia hapo.

Kutoka: Fundi wa Fomu, Northampton

Shikamoo Mzee. Kwa heshima zote, 29,000 ni kwa walioingia kwenye njia hii kuanzia 11 Aprili 2024. Aliyeanza kabla ya hapo na yuko na mwenza yule yule anabaki na 18,600 mpaka apate ukaazi wa kudumu (ILR). Tena wote wawili wako hapa kwa hiyo vipato vyote viwili vinahesabiwa. Angekuwa anategemea mpira peke yake hapo sawa, njia ya kuthibitisha kipato inayoitwa Category A inataka mwajiri mmoja miezi sita na hawa wachezaji hawakai, ingebidi aende B, akusanye hela aliyoipokea kweli kwa miezi 12 iliyopita kwa waajiri wote, na kila klabu imuandikie barua. Jaribu kumpata katibu wa klabu ya kujitolea mwezi wa saba uone, simu inaita mpaka inachoka.

Kutoka: Winga wa Reading

Asanteni wote. Hela siyo tatizo, mke ni nesi tulipita kwa mshahara wake. Ni anwani. Barua ya mama mwenye chumba, ndiyo au hapana?

Kutoka: Beki Tatu, Cleethorpes

Dah, mimi huwa nasoma tu humu siandiki ila hii imenigusa. Nimeshatundika daluga lakini maisha anayoyasema nimeyaishi. Nyumbani ukisema unacheza mpira Uingereza wanadhani unashinda na kina Saka, shangazi anataka umjengee ghorofa, na wewe muda huo uko kwenye paking ya supamaketi umeshika trei ya mayai, kocha anakupigia anasema tumepata mtu mwingine wa nafasi yako, kuna timu ya Step 2 wanakutaka Jumanne, unakwenda? Unakwenda. Hujui hata uko mkoa gani. Na kama huna mkataba wa maandishi, uko wiki kwa wiki, timu nyingine inatoa taarifa ya siku saba inakuchukua, na wao wenyewe wakikuchoka hata hizo siku saba huzioni.

Watu wanaona timu nyingi wanadhani mchezaji mbovu au mkorofi. Mcheki Adi Yussuf, mzaliwa wa Zanzibar, katoka akademi ya Leicester, kapita Burton, Mansfield, Grimsby, Barrow, Solihull Moors, Blackpool, akaenda Wrexham kwa mkopo, Chesterfield, na Taifa Stars akaitwa. Huyo ni mchezaji mzuri! Ila kila jina hapo ni chumba kipya, kaunsili mpya, GP mpya, na barua za benki zinabaki kule ulikotoka. Kuna Jefferson Louis yeye kachezea timu zaidi ya 40. Arobaini. Bahati yake hakuwa mtu wa kuomba viza.

Na kodi msiseme. Klabu mpya haijapata P45 yako, ile karatasi ya kodi ya mwajiri wa zamani, wanaweza kukuweka kwenye kodi ya BR, unakatwa asilimia 20 kuanzia paundi ya kwanza, ile 12,570 ya kwako isiyokatwa kodi huioni, uje uidai baadaye. Ukiwa na kazi ya mchana ndo kabisa. Mimi nilikuwa napakia magari kwenye ghala asubuhi, jioni mazoezi Jumanne na Alhamisi, unaingia uwanjani miguu imeshachoka.

Halafu klabu zenyewe. Bury walifukuzwa kwenye ligi za kulipwa za EFL Agosti 2019, klabu ya mwaka 1885, wachezaji walishakaa muda bila mishahara. Mwaka uliofuata Macclesfield nao wakafutwa na mahakama kwa madeni. Sasa niambie afisa gani wa viza anaelewa kwamba mwajiri wako hayupo tena duniani na ndo unatakiwa ulete barua yake.

Winga, komaa. Swali lako la barua sina jibu lakini.

Kutoka: Mtoto wa Tanga, Slough

Beki umeongea. Ila wewe na winga hizo safari si mnadai? Peni 45 kwa maili, unajaza unarudishiwa. Reading mpaka Cumbria hapo ni hela ndefu.

Kutoka: Fundi wa Fomu, Northampton

Hapana hapana. Kutoka nyumbani kwenda mazoezini na uwanja wa nyumbani ni safari ya kawaida ya kazini, haidaiwi. Uliambiwa na nani?

Kutoka: Mtoto wa Tanga, Slough

Niliambiwa na mhasibu.

Kutoka: Fundi wa Fomu, Northampton

Badilisha mhasibu.

Kutoka: Mkenya wa Bradford

Niaje wadau, mimi ni jirani tu nimekaribishwa kwa hii list. Huku Bradford City tulikuwa na Clarke Oduor, kijana wa Siaya, yule alifunga Brentford dakika za mwisho kabisa Julai 2020, timu yake ya wakati huo Barnsley wakabaki Championship, ligi daraja la pili. Alafu kuna Jonah Ayunga, alitoka Havant & Waterlooville akaenda Bristol Rovers, Morecambe, sasa hao watu wa kuhama hama wanaweza kufika mbali, aliishia St Mirren kule Scotland ligi kuu. So bro usikate tamaa.

Swali tu, ukishapata ILR utaenda uraia? Manake nyinyi wa TZ mkichukua ya hapa mnanyang'anywa yenu. Sisi tangu katiba ya 2010 tunabeba zote mbili bila stress.

Kutoka: Mzee wa Luton

Jirani umegusa kidonda. Haji Mnoga kazaliwa Portsmouth. Tarryn Allarakhia kazaliwa London, alikuwa anachezea Wealdstone hapa karibu na kwangu, National League. Wote waliitwa Stars kwenye AFCON ya kule Ivory Coast, Januari 2024, tukawashangilia, ile sare na Zambia nilipiga kelele mpaka majirani wakagonga ukuta. Vizuri kabisa, ni wetu. Ila mimi niliyezaliwa Muheza, niliyesoma Muheza, niliyemzika baba yangu Muheza, nikichukua pasi ya bluu ya hapa nakuwa mgeni, naomba viza kwenda kuona kaburi. Na msiniletee habari za hadhi maalum ya Watanzania wa nje, hadhi maalum siyo uraia. Hela zetu zinapofika Dar huwa haziulizwi uraia.

Kutoka: Kipa Mstaafu, Coventry

Mzee sheria ni sheria. Huwezi kuwa na mguu huku na mguu kule, siku ya vita utashika bunduki ya nani?

Kutoka: Mzee wa Luton

Vita gani Kipa, na nani, na Luton?

Kutoka: Mama Nassor, Leicester

Jamani msigombane. Mie pasi yangu ya Tanzania naishikilia mpaka nife, lakini Nassor akifika 18 itabidi achague na anaipenda Stars kuliko mimi mama yake. Hilo linaniuma.

Kutoka: Msimamizi

Wapendwa, siasa ina list yake. Mada hapa ni SET(M). Na tafadhali mkijibu mfute imeili za nyuma, mtu anasoma kwenye simu.

Kutoka: Beki Tatu, Cleethorpes

Msimamizi niruhusu moja tu. Winga alivyosema habari ya Jumatatu alfajiri nimekumbuka. Blundell Park, wengine hamjui kwamba uwanja wa Grimsby hauko Grimsby, uko huku Cleethorpes, baharini kabisa, Jumanne usiku Februari upepo unatoka Humber unakukata masikio. Kuna siku nilikwenda kutazama tu, nimekaa na chai ya kwenye kikombe cha karatasi, ukanijia uwanja wa Mkwakwani kule Tanga, Coastal Union wanacheza, muhogo wa kuchoma na pilipili ya chumvi kwenye gazeti, jasho linatiririka na sijacheza. Nilitaka kulia kwa kweli. Wenzangu wakadhani ni kwa sababu tumefungwa.

Kutoka: Mtoto wa Tanga, Slough

Muhogo wa pale Mkwakwani dahhh. Usinikumbushe. Huku muhogo wa kwenye friza ukiuchoma unakuwa kama sabuni.

Kutoka: Winga wa Reading

Wadau asanteni sana kwa moyo, nimefarijika. Muda ni Ijumaa hii. Nimeongea na yule mama mwenye paka, hana neno, yuko tayari kuandika, ila anauliza aandike nini na asaini wapi, na kule Cumbria mwenye nyumba alishafariki. Mke anasema tupeleke na picha za harusi. Kuna aliyewahi kupeleka barua ya namna hii?

Kutoka: Fundi wa Fomu, Northampton

Inategemea na afisa utakayempata. Kukaa mbali kwa ajili ya kazi peke yake hakuvunji kitu, wanachotaka kuona ni kwamba ndoa ipo na mna nia ya kuishi pamoja daima. Ila hiyo barua siwezi kukuambia ndiyo au hapana, kila kesi ina yake. Niandikie pembeni, usimwage mambo ya faili lako hadharani.

Kutoka: Kipa Mstaafu, Coventry

Mimi nilisema loya tangu mwanzo, nikaitwa mtishaji.

Halafu winga, si mkataba umeisha? Jumamosi ijayo tuna mechi ya Wabongo na Wakenya pale Leicester, tumekosa winga wa kushoto. Malipo ni pilau.

Kutoka: Mkenya wa Bradford

Mnaleta mapro? Basi na sisi tunapiga simu.

Kutoka: Mama Nassor, Leicester

Pilau napika mie, ila nani kakodi uwanja? Ule wa mwaka jana choo kilifungwa saa sita, watoto wakahangaika. Na mwenye gari kubwa aniambie mapema, masufuria ni mazito.