Ikiwa kitu hulikopesha jicho nuru yake, mbona hakififii kinapotazamwa na wengi?

Msimulizi wa Ujiji

Ndugu zangu, ninaandika hadithi ndefu ya nchi ya kubuni iliyo kando ya ziwa lisilo na ng'ambo, na humo nimeweka madhehebu ya wanafalsafa ninaowaita Wadaiwa wa Nuru. Hao hufundisha kwamba kuona ni kukopa: kila kinachotazamwa hulikopesha jicho sehemu ya nuru yake, nalo jicho hulipa usiku, kwa usingizi na ndoto. Ndiyo maana kwao mtu anayekesha huhesabiwa kuwa mdaiwa sugu, na si adabu kumkazia mgeni macho kabla ya kumwomba ruhusa. Wapinzani wao ni Watupa Nyavu, wanaoshikilia kwamba jicho lenyewe ndilo hutoa nuru, hulitupa tazamo lake kama wavu, kisha huuvuta pamoja na sura za vitu.

Wazo hili lilinijia hapa Kigoma usiku mmoja wa giza, nilipokuwa nikitazama taa za wavuvi wa dagaa zilivyotanda ziwani, nikajiuliza kama ni mimi niliyezifikia au ni zenyewe zilizonifikia. Tatizo ni hili: kama kitu hutoa nuru yake kila kinapotazamwa, basi mlima unaotazamwa na mji mzima ungepaswa kufifia kuliko ule uliojificha msituni, na haufifii. Je, kuna jibu ambalo Mdaiwa mwenye akili angeweza kulitoa? Naomba tusiishie kusema kwamba katika hadithi lolote linawezekana, kwa sababu wahusika wangu wanaliamini jambo hili kwa dhati na msomaji anastahili hoja.

Mwalimu wa Fizikia, Tabora

Ndugu Msimulizi, swali lako limewahi kuulizwa katika dunia yetu hii. Epicurus wa Ugiriki, aliyezaliwa mwaka 341 kabla ya Kristo, alifundisha kwamba vitu hutoa utando mwembamba mno ambao huruka hadi machoni, na ili visipungue, akasema kwamba chembe zinazotoka hujazwa na nyingine mfululizo. Mimi jibu hilo halinitoshi, maana linaziba tundu bila kueleza lilivyotokea.

Afadhali Wadaiwa wako wamfuate Ibn al-Haytham, aliyezaliwa Basra yapata mwaka 965 na kufia Cairo. Yeye alieleza kwamba nuru hutoka kwenye chanzo kama jua au taa, huangukia kitu, kisha hutawanyika kutoka kwenye kitu hicho kila upande kwa mistari iliyonyooka, liwepo jicho la kuipokea au lisiwepo. Kwa hiyo mlima hautoi mali yake. Mlima ni dalali tu, na deni ni la jua. Hoja yake nyingine itawabana Watupa Nyavu: jicho huumia likitazama jua, na ni vigumu kueleza maumivu hayo ikiwa nuru ni ya jicho lenyewe. Deni hilo lina tarehe pia, kwa kuwa nuru ya jua hutumia dakika 8 hivi kutufikia.

Mvuvi Mstaafu, Kibirizi

Mwanangu Msimulizi, Mwalimu amesema vyema kuhusu dalali, lakini hakumtaja anayepungukiwa. Nimevua dagaa kwa karabai miaka mingi kabla ya hizi taa za sola. Karabai hula mafuta, nuru yake hulegea, unaijaza upepo kwa pampu, na alfajiri tangi ni tupu, hata kama hakuna aliyeitazama kutoka nchi kavu. Mkopeshaji wa kweli ndiye huyo, na hasara yake haitegemei macho yako.

Jambo la pili ni mbalamwezi. Mwezi ukiwa mkubwa tulikuwa tunapumzika, kwa sababu nuru imeenea juu ya maji yote na taa yetu haina tena cha kuwavutia dagaa. Wadaiwa wako walifikirie hilo: nuru hutambulika kwa giza lililo kando yake. Tena wayafikirie maji. Samaki aliye chini huonekana yuko juu kuliko alipo, na mwenye mkuki hulenga chini ya anachokiona. Nuru inayopitia majini hukufikia ikiwa imepindika, na mtu hujifunza kulisahihisha deni hilo kwa mkono wake.

Binti Nyamwezi

Shikamoo mzee, na wengine nawasalimu. Mimi nina hoja ya lugha. Tunaposema kutupa jicho, au tunapomwogopa mwenye kijicho, tunasema kama Watupa Nyavu. Lakini tunasema pia naona baridi, naona njaa, naona haya, na asiye na macho huyasema hayo yote bila kukosea. Kuona kwetu hakujawahi kuwa kazi ya jicho peke yake.

Mnamo Februari 1858, wapelelezi Waingereza Burton na Speke walipofika kwenye vilima vilivyo juu ya Ziwa Tanganyika, Speke alikuwa karibu haoni kwa ugonjwa wa macho. Burton aliona mstari wa mwanga huko bondeni, akauliza ni kitu gani, na Sidi Mubarak Bombay, mtu wa msafara wao, ndiye aliyemwambia kwamba ni maji. Nuru ilikwisha kuingia machoni mwa Burton, lakini ziwa alikuwa bado hajaliona. Sasa naomba Wadaiwa waniambie, anayedaiwa ni jicho au ni yule anayetambua?

Msimulizi wa Ujiji

Ahsanteni sana. Ninaiandika upya sura ya tatu: mlima utakuwa dalali, na mwalimu mkuu wa Wadaiwa atakuwa mtunza taa wa mtumbwini, anayejua kiasi cha mafuta. Swali la Binti Nyamwezi nitalitia kinywani mwa mwanafunzi wake, wala sitalijibu haraka. Mzee wangu, niambie jambo moja: karabai ikizimika ghafla katikati ya ziwa, unaona nini kwanza?

Mvuvi Mstaafu, Kibirizi

Huoni hata mkono wako, mwanangu. Macho yana kiwi, na ile taa iliyozimika bado inaelea mbele yako hata ukiyafumba. Kisha huja taa za mitumbwi mingine, na baada ya muda mrefu wa kutulia, nyota ndogo.