Mvuvi ana VVU, mkewe mjamzito hajui: daktari afanye nini?

Nansio_Zamu
Wakuu, nauliza wenye uzoefu wa visiwa vya Ziwa Victoria. Mvuvi wa dagaa ana VVU, kaanza dawa. Mkewe ana mimba, hajui. Mume hataki aambiwe: habari ikifika mwaloni (ufukweni mitumbwi inaposhusha samaki) kambi itamtenga, na tajiri wa mtumbwi atamwondoa. Daktari amwambie mke? Akinyamaza, mtoto je?

Mshauri_Nyamagana
Daktari, Sheria ya UKIMWI ya Tanzania ya 2008 inalinda siri ya majibu, lakini inamtaka mwenye VVU amjulishe mwenza mara moja, na imeacha nafasi mwenza kupewa majibu. Usiikimbilie nafasi hiyo. Mke akisikia kwako kwanza, kipigo kinaweza kuja usiku huohuo, na mume asirudi kuchukua dawa. Uliza kwanza, kila mmoja peke yake, kama nyumbani kuna kupigana. Hakuna? Mume aje na mkewe, umsaidie kusema, au ampelekee kipimo cha kujipima. Njia ya kituo kumwita mwenza bila kumtaja mtu haifai hapa. Mke wa ndoa atajua tu ni nani.

Mkunga_Sengerema
Mtoto asisubiri mume awe tayari. Mjamzito hupimwa hudhurio la kwanza, na asiyekutwa na virusi anarudiwa miezi mitatu ya mwisho. Hapo ndipo tunapoteleza: kadi imeandikwa hana, basi harudiwi. Maambukizi mapya hayaonekani wiki za mwanzo, tena ndiyo yenye virusi vingi, hatari kubwa kwa mtoto. Akikutwa navyo, dawa siku hiyohiyo. Mtoto apewe nevirapini, dawa ya kumkinga, tangu kuzaliwa, kisha kipimo cha damu ya kisigino wiki ya 4 hadi 6. Kondomu zitumike mpaka wingi wa virusi vya mume upimwe na uwe umefubaa, yaani umeshuka mno.

Kirumba_Dawa
Naongeza la unyanyapaa, maana ndilo linalomfunga mdomo. Miadi ipangwe siku za mbalamwezi, dagaa hawavuliwi, hakuna atakayeuliza kaenda wapi. Miandamo mitatu ya mwezi ni siku 88 au 89, kopo la vidonge 90 linatosha kabisa, lakini akichelewa siku mbili tu ameishiwa. Wengi huhamishia vidonge kwenye nailoni kwa sababu kopo linalia mtumbwini; unyevu wa ziwa unaviharibu. Alizungushie kopo kitambaa kwa nje lisilie, na kile kifuko cha kunyonya unyevu kibaki humohumo.