Mmetutangazia Messiah ya Handel, mkatuletea Halleluya na sabuni ya unga!

Wakuu, heri ya sikukuu, ingawa mimi yangu imeshaharibiwa.

Kuna kituo cha TV (sikitaji, walioangalia wanakijua) kilitupigia kelele wiki mbili nzima: usiku wa Krismasi, Messiah, ule utunzi mrefu wa Handel, mtunzi wa muziki wa zamani, unaosimulia habari za Yesu kwa nyimbo, kwaya na okestra kutoka Uingereza, mwanzo mwisho. Mimi naimba sauti ya nne kanisani mwaka wa kumi na moja huu. Nikalipia kifurushi, nikamketisha mama mbele, watoto na katuni zao nikawafukuza.

Ikafika ile ya Isaya 9:6, Mtoto amezaliwa. Anayeijua anajua Handel alivyoitega. Sauti zinapokezana, nyepesi, kama watu wanaoogopa kumwamsha mtoto mwenyewe, halafu wote kwa pamoja wanalipuka: "Mshauri wa ajabu!" Basi kamera iko kwa sauti ya kwanza, wameshavuta pumzi, midomo wazi... SABUNI YA UNGA. Kisha mabati. Kisha sabuni ileile tena!

Kurudi, vayolini zinaiga zumari za wachungaji, kipande kitamu kisicho na neno hata moja. Mtangazaji akaona hapo ndipo pa kusoma salamu za watazamaji. Sawa, nikameza. Dada wa solo akaanza, wachungaji wako makondeni, malaika katokea. Baada ya hapo kwaya inaimba "Utukufu kwa Mungu" na tarumbeta zinaingia kwa mara ya kwanza, kwa mbali, kama zinatoka juu. Nimewahadithia watoto wangu hizo tarumbeta mwezi mzima.

Wakaziruka. Puu, Halleluya! Eti "wimbo wa Krismasi tuliousubiri".

Krismasi ipi? Halleluya maneno yake ni ya Ufunuo, inafunga sehemu ya pili, Yesu ameshateswa, amekufa na kufufuka. Messiah yenyewe ilipigwa mara ya kwanza Dublin tarehe 13 Aprili 1742, si Desemba. Krismasi imo sehemu ya kwanza, hiyohiyo mliyoikatakata! Mzee wa watu aliiandika kwa siku 24, nyie kuiachia saa mbili na nusu mmeshindwa?

Aliyerekodi sehemu ya kwanza bila matangazo anistue. Mama hadi leo asubuhi ananiuliza wale wachungaji waliishia wapi.